Nitasema kwa Mdomo Wangu

"Wamefika! Wallahi wamefika!"

Sauti ya mama yake, Bi Esha, ilitoka uani ikapenya mpaka chumba cha ndani, na Twaiba akaruka kitandani kama aliyemwagiwa maji. Hina ya mkono wa kushoto ilikuwa bado mbichi. Leso aliyokusudia kujitanda haionekani. Moyo nao ulikuwa umeanza ngoma yake wenyewe, haumsikilizi mtu.

"Kaa chini," dada yake Nusaiba alimwambia huku akicheka. "Utaiharibu hina, halafu waseme bibi arusi ana mabaka."

"Dada, nichungulie kidogo tu."

"Mwari hachungulii wachumba."

Lakini alichungulia. Aliusogeza ubavuni mwa dirisha uso wake, akaona gari jeupe limesimama mbele ya nyumba yao pale Gazi, na watoto wa jirani wamekwisha kulizunguka. Mlango wa dereva ukafunguka. Akashuka Ubeid.

Alikuwa amevaa kanzu nyeupe iliyopigwa pasi mpaka mikunjo ikasimama, na kofia iliyomkaa sawasawa. Twaiba hakuwahi kumwona hivyo. Amemzoea na suruali yenye madoa ya grisi, maana Ubeid ni fundi wa mashine za boti pale Shimoni, na mikono yake haikosi harufu ya petroli. Leo ni mtu mwingine, ila mabega ni yale yale, na ule mwendo wa taratibu wa mtu asiyemkimbilia yeyote ni ule ule. Alimfungulia mama yake mlango, akamshika mkono, akamshusha. Kisha akainua macho, moja kwa moja, mpaka dirishani.

Twaiba akarudi nyuma kwa kishindo.

"Amekuona?" Nusaiba akauliza.

"Amenicheka!"

"Basi mmeshaposana. Tuwape wageni chai waende zao."

Wakacheka wote wawili mpaka Nusaiba akalazimika kumziba mdogo wake mdomo.

Ulikuwa mwaka na zaidi tangu Twaiba alipoisikia sauti ya Ubeid kwa mara ya kwanza. Yeye ni mpokezi katika hoteli moja ya Diani, na kila anayepiga simu pale huambiwa kwanza kwamba simu inarekodiwa, kisha huulizwa kama ameridhia. Watu wengi husema "ndiyo, ndiyo" kwa haraka. Ubeid, aliyekuwa akiulizia wageni wa kwenda Wasini ambao boti yao imeharibika, alinyamaza kidogo, halafu akasema, "Dada, hakuna aliyepata kuniuliza kama nimeridhia. Asante." Twaiba aliikata ile simu akabaki ameushika mkono wa simu kifuani. Boti ile ikaharibika tena na tena mwezi ule, mara nyingi kuliko boti yoyote ya pwani ya kusini.

Lakini mapenzi ya simu ni jambo jepesi, posa ndiyo nzito. Mzee Boga, baba yake Twaiba, aliposikia kijana ni wa Wasini alitikisa kichwa. "Nimpeleke mwanangu kisiwani, aniite anaumwa nami nangoja maji yajae?" Ikambidi Ubeid aje mara tatu, akae na mzee, amsikilize habari za mashamba na za miguu inayouma, mpaka mzee mwenyewe akawa anamuulizia akichelewa. Upande wa pili Bi Khamisa, mama yake Ubeid, alikuwa na mkamwana wake, mke wa mwanawe, tayari moyoni: Bushra, binti ya kaka yake, aliyekuwa akifanya kazi hoteli ile ile pamoja na Twaiba, na aliyejiita shoga yake. Bi Khamisa alikubali kuja Gazi, lakini alikubali kwa mdomo uliobanwa.

Na leo wamekuja. Pamoja nao amekuja Bushra.

Wanaume walikaa ukumbini juu ya mikeka mipya. Wanawake walikaa chumba cha pili, na kati ya vyumba hivyo na chumba cha Twaiba hapakuwa na kitu ila pazia. Ubeid alibaki nje kwenye gari, kwa kuwa mwenye kuposewa hakai kwenye posa yake. Twaiba akaketi nyuma ya pazia, masikio yamesimama. Alisikia shikamoo zikipokelewa, vikombe vikigongana, mahamri yakisifiwa. Akamsikia Mbwana, ami yake Ubeid na msemaji wa wageni, akisafisha koo.

"Mzee Boga, sisi tumetembea tukaona ua limechanua katika ua wako. Tumepita mara ya kwanza, tukapita mara ya pili. Leo tumesema tusipite, tubishe hodi."

"Karibuni," Mzee Boga akajibu, na kwa sauti yake Twaiba alijua baba anatabasamu. Akaishika hina yake ya kushoto bila kujijua, ikamchafua mpaka kiwiko.

Ndipo aliposikia, chumba cha wanawake, sauti ya chini ya Bushra.

"Shangazi, kabla mambo hayajafika mbali. Naona ni dhambi kukuficha."

Kisha Twaiba akasikia sauti yake mwenyewe ikitoka simuni.

"...yule mama ulimi wake ni pilipili mbuzi. Mtu hawezi kukaa naye chungu kimoja akamaliza mwezi. Mimi naogopa kuingia nyumba ile, Bushra, wallahi naogopa..."

Ikakatika hapo.

Aliikumbuka simu ile. Ilikuwa juma lililopita, Bushra ndiye aliyempigia, Bushra ndiye aliyeanza: Eti wamwonaje shangazi yangu? Sema tu, tuko wawili. Naye akasema, kama mtu anavyosema na shoga yake, akicheka, akilia, akimwaga yote yaliyomjaa. Hakujua kama ule upande wa pili wa simu kulikuwa na mtego.

Halafu bangili za Bi Khamisa zikalia, ishara kwamba amesimama.

"Mbwana!" aliita. "Inuka twende. Nimekuja kuomba mke, nimekuta kesi yangu imeshahukumiwa."

"Kuna nini, shemeji?"

"Njoo usikie. Na mwite Ubeid naye aje. Mwenye kupenda aone alichokipenda."

Mambo yakavurugika. Bi Esha alikuwa akiomba radhi bila kujua kosa. Mzee Boga aliuliza mara mbili ni nani aliyesema na nani. Wanawake wakaingia ukumbini wakiwa wamejitanda leso zao, na hatua za Ubeid zikasikika barazani, zikaingia.

"Mama, kuna nini?"

"Bushra, mwekee kaka yako asikie."

"Asikie nini?"

"Sauti ya Twaiba," Bushra alisema. "Nilizungumza naye kwa simu nikamrekodi. Ni vizuri ukajua anavyomsema mama yako."

Twaiba nyuma ya pazia alifumba macho. Sasa, alijiambia, sasa ataisikia, na vile alivyonitazama dirishani hatanitazama tena.

"Usiiweke," Ubeid akasema.

"Ni yeye mwenyewe, si uzushi..."

"Nimesema usiiweke, Bushra."

Hakupaza sauti. Bi Khamisa ndiye aliyepaza.

"Hutaki kujua anavyonitukana mimi, niliyekuzaa?"

"Mama, nakupenda wewe kuliko pumzi yangu. Lakini maneno hayo hakuniambia mimi, wala hakukwambia wewe. Akitaka niyajue ataniambia. Nikiyasikiliza hapo kwenye simu ya Bushra, nitakuwa nimeingia chumbani mwake bila hodi. Na wewe hukunilea hivyo."

Twaiba aliyafumbua macho. Machozi yalikuwa yanamtiririka na hakuyafuta kwa sababu mikono yote ilikuwa hina tupu.

Nusaiba hakungoja zaidi. Aliusukuma upande wa pazia akaingia ukumbini. Nusaiba ni wakili Kwale mjini, na akiwa amekasirika huongea taratibu sana.

"Bushra, mdogo wangu. Ulipompigia, ulimwambia kwamba unamrekodi?"

"Simu ni yangu."

"Simu ni yako. Sauti si yako. Ulimwambia?"

"...Hapana."

"Kazini kwenu hata mpiga simu msiyemjua huulizwa kama ameridhia. Shoga yako hukumuuliza. Sasa nisikilize. Katiba inalinda siri ya mazungumzo ya mtu, na sheria ya kulinda data nayo imeizungumzia ridhaa. Ungalirekodi ukakaa nayo mwenyewe, mawakili wangebishana mpaka jua lichwe. Lakini wewe umeikata, ukaacha kipande kinachokufaa, ukawasikilizisha watu katika nyumba ya baba yake. Na ikitoka hapa ikaingia kwenye makundi ya WhatsApp, hapo tutakutana mahakamani. Hatutakutana jikoni."

"Imekatwa?" Bi Khamisa akageuka. "Bushra, imekatwa?"

Bushra alikuwa amekunja uso kama mtoto aliyeshikwa na sukari mdomoni, lakini bado alikuwa na kiburi cha mwisho.

"Ndiyo nimeikata! Mnataka yote? Niweke yote, basi! Wazee wasikie na yale aliyoyasema juu ya Ubeid. Tuone kama ataweza kuinua uso wake hapa Gazi!"

Masikio ya Twaiba yakawaka moto. Ya Rabbi, yale! Aliyakumbuka yote, neno kwa neno. Yalikuwa maneno ambayo msichana hayasemi hata mbele ya mto wake, akiwa hajazima taa.

Nusaiba akaurudisha uso wake nyuma ya pazia, akanong'ona.

"Ni mabaya?"

"Si mabaya. Ni... ni ya mapenzi, dada. Na baadaye nilimsifu Bi Khamisa. Nilimsifu sana."

"Basi yakichezwa yote yatakuokoa. Lakini ni yako. Ukiridhia yatachezwa, usiporidhia nitaichukua simu ile kwa meno yangu."

Kabla hajajibu, sauti ya Ubeid ilikuja karibu. Alikuwa amesogea. Twaiba aliweza kuiona kanzu yake, weupe tu, upande wa pili wa kitambaa.

"Twaiba. Uko hapo?"

"Nipo."

"Unataka ichezwe?"

Pazia lilikuwa jepesi. Angenyosha mkono angemgusa. Alimsikia akipumua, na pumzi zake hazikuwa za mtu mtulivu hata kidogo, na kwa kujua hivyo Twaiba akapata nguvu asizozijua. Kumbe naye anatetemeka. Kumbe wanatetemeka wote.

"Neno lako tu," Ubeid akasema. "Ukisema ndiyo, ndiyo. Ukisema la, sitauliza maisha."

"Siridhii," Twaiba akajibu. Kisha akavuta pumzi. "Nitasema mwenyewe."

Akalifungua pazia.

Hakuwa vile alivyokusudia kuonekana siku ya posa yake. Hina ilikuwa imemchafua mpaka kiwiko, wanja umeshuka mashavuni, na leso aliyojitanda ilikuwa ya Nusaiba. Ubeid alimtazama kama mtu aliyefunguliwa dirisha katika nyumba ya giza. Akasogea kando ampishe. Twaiba akapita mbele yake bila kumwangalia, kwa kuwa angemwangalia asingefika, akaenda kupiga magoti mbele ya Bi Khamisa.

"Shikamoo, mama."

Bi Khamisa aliitikia kwa ncha ya mdomo. "Marahaba."

"Yale uliyoyasikia niliyasema. Sitayakana. Nilisema ulimi wako ni pilipili mbuzi na kwamba naogopa kuingia nyumba yako. Siku ile tulipokutana Shimoni mara ya kwanza uliniuliza kama najua kupika au najua kupokea simu tu. Nilirudi nyumbani nikalia."

Mtu akakohoa. Mzee Boga alisogea kwenye mkeka, lakini Bi Esha alimshika bega.

"Lakini nilisema na mengine. Nilisema baba yake Ubeid alifariki Ubeid akiwa hajajua kufunga msuli, na wewe ukauza samaki wa kukaanga Shimoni jua na mvua mpaka akasoma ufundi. Nilisema mwanamke aliyemlea peke yake mtoto akawa vile, ni haki yake awe na ulimi mkali, maana ndio aliokuwa nao wa kumlindia. Nilisema nitajifunza kukupenda hata ukinipiga na upawa. Na nilisema..."

Akamtupia jicho mama yake.

"Sema, mwanangu," Bi Esha akamwambia polepole.

"Nilisema Ubeid akiniita jina langu kwenye simu, miguu yangu hukosa nguvu nikakaa chini popote nilipo, hata mbele ya wageni. Nilisema sijui kama ni haya au ni maradhi. Nilisema nikiambiwa nichague kuishi naye na mama mkali, au kuishi na mwingine katika nyumba ya ukimya, nitaomba mkali, na nitaomba leo." Akauinamisha uso mpaka magotini. "Hayo ndiyo yaliyokatwa. Nimemaliza."

Nje kuku alikuwa akiita vifaranga. Twaiba alingoja kofi, au bangili zile zilie tena kwenda mlangoni.

"Mbwana," Bi Khamisa akaita.

"Naam, shemeji."

"Kwani ulimi wangu ni mkali hivyo?"

Mbwana alitazama dari, akatazama kikombe chake, akawatazama wanaume wenzake ambao wote ghafla walikuwa na shughuli na mahamri.

"Shemeji," alisema mwishowe, "tumekuja nyumba ya watu kwa jambo la kheri. Nisiingie katika uongo."

Kicheko kilimtoka Bi Esha bila ruhusa. Nusaiba naye akafuata, kisha Mzee Boga, na hapo Bi Khamisa mwenyewe mabega yakaanza kumtikisika, akajifunika uso kwa leso, akacheka mpaka akalia, au akalia mpaka akacheka. Aliishika mikono ya Twaiba yenye hina mbichi, ikamchafua na yeye, wala hakujali.

"Kilichoniuma si pilipili," alisema. "Pilipili najua kwamba ninayo. Kimeniuma kuyasikia kwa kisanduku cha simu. Kwa nini hukuniambia?"

"Niliogopa, mama."

"Kuanzia leo niambie mimi. Nikikukalipia, nikalipie nawe. Lakini tuonane macho."

"Inshallah."

Bi Khamisa akamgeukia Bushra, na ule ulimi ukatoka kama ulivyojulikana Shimoni nzima.

"Na wewe! Mimi nilikutaka mkamwana nikadhani Ubeid ni kipofu kwa kutokukuona. Kumbe kipofu ni mimi. Futa!"

Bushra aliitoa simu. Nusaiba akasimama kando yake mpaka kile kipande kikafutwa, na rekodi nzima iliyokuwa imefichwa nyuma yake ikafutwa pia. Bushra akabaki ameiangalia skrini tupu.

"Nilikuwa nimempenda kabla yako," alimwambia Twaiba, kwa sauti ndogo isiyo na kiburi tena. "Hakuwahi kujua. Nisamehe."

Twaiba alimgeukia. Usoni mwa Bushra aliona kitu alichokijua vizuri, kwa kuwa alikibeba yeye mwenyewe mwaka mzima.

"Nimekusikia," akajibu. "Kusamehe nipe siku. Lakini nimekusikia."

Wakarudi kukaa. Safari hii hakuna aliyekumbuka kwamba Ubeid alitakiwa awe nje. Alikaa mkekani karibu na mlango, kikombe cha kahawa mkononi, macho yakimkimbia kwenda aliko Twaiba na yeye akiyarudisha kwa nguvu. Mbwana akasafisha koo kwa mara ya pili.

"Mzee Boga, ua lile. Mvua imenyesha juu yake, na bado limesimama. Tunaliomba."

Mzee Boga aliukuna mshono wa kofia yake. Alikuwa mtu wa maneno machache na leo yalikuwa yamemwishia kabisa.

"Twaiba, mwanangu. Umesikia. Wanakuomba kwa ajili ya Ubeid. Desturi yetu mwari huulizwa, na akinyamaza, kimya chake ndiyo ridhaa. Basi nakuuliza."

Wote walikuwa wakimngojea anyamaze: Bi Esha alikuwa ameshaukunja mdomo tayari kwa kigelegele.

Twaiba akainua uso. Kwa mara ya kwanza tangu alifungue pazia alimtazama Ubeid, akamtazama wazi, mbele ya baba yake na mama yake na mama wa Ubeid, akayaona yale macho yakingoja kama ambavyo hayakuwahi kumngojea mtu.

"Baba," alisema, "leo kimya changu kisihesabiwe. Nimeridhia. Nasema kwa mdomo wangu, na kila mtu asikie: nimeridhia."

Kigelegele cha Bi Esha kilipasua bati. Cha Nusaiba kikakipokea, na majirani waliokuwa wakijifanya wanapita wakaitikia kutoka barabarani. Ubeid alisimama, sijui alikusudia kwenda wapi, akasahau kwamba ana kikombe, na kahawa yote ikammwagikia kifuani, chini mpaka miguuni, juu ya ile kanzu iliyosimama mikunjo.

"Maskini kanzu!" Bi Esha akapiga kelele. "Twaiba, lete maji haraka!"

Twaiba alikuwa ameshainuka nusu. Mkono wa Bi Khamisa ukamshika bega, ukamkalisha pale pale, ubavuni pake.

"Kaa, mwanangu," Bi Khamisa akasema. "Ataifua mwenyewe. Mimi nimekuja Gazi kuposa mke, sikuja kutafuta dobi."